Ng'ombe Aliyekufa Kila Jumamosi

Ukimwamkia njiani hakuitikia upesi kama watu wengine. Kwanza aliunganisha vidole gumba na vya shahada mpaka vikawa dirisha, akafumba jicho moja, akakutazama kupitia dirisha hilo kama fundi cherehani anayekisia kitambaa. Ndipo alipoitikia: "Marahaba, binti wa mwenye zizi. Lakini umesimama vibaya. Jua liko nyuma yako, huna uso." Ukahama. Wote tulihama. Mama mmoja muuza dagaa pale sokoni Tarime alizoea kumjibu, "Mimi uso wangu ninao hata gizani, wewe nunua dagaa," naye humzungusha yule mama pamoja na beseni lake mpaka jua limpate shavuni, halafu ndipo ananunua.

Tulimwita Bwana Sinema. Jina lake la nyumbani nalijua, ila hata mkewe hakulitumia, nami sioni kwa nini niwe wa kwanza. Alikuwa mtu mrefu, mwembamba, mwenye masikio makubwa yaliyosimama, na alitembea akiinua miguu juu kama anavuka kijito. Nyumba yake ilikuwa ng'ambo ya bonde kutoka kwetu. Dada yangu nami tulimpelekea mkewe maziwa asubuhi, na kwa ajili hiyo nilimjua kwa miaka mingi kuliko nilivyowajua walimu wangu.

Kazi aliyoandikiwa ilikuwa kuendesha gari la sinema la serikali. Miaka ile ya hamsini gari hilo lilizunguka Tarime yote, likavuka Mto Mara mpaka Kisaka, na kiangazi likafika Mugumu. Lilibeba jenereta, mashine ya kuonyeshea, pazia jeupe, na picha za kufundisha: namna ya kuogesha ng'ombe, namna ya kuchimba choo, namna ya kunawa mikono. Zilikuwa picha nzuri, zenye faida, na hakuna aliyezitaka. "Hakuna mtu," alisema, "atakayeacha uji wake ukipoa aje kutazama choo." Basi akaomba wakubwa wake ruhusa ya kutengeneza michezo mifupi kwa masalio ya filamu, ionyeshwe mwanzo ili watu waje. Wakakubali, nadhani kwa kuwa hawakujua ni nani aliyekuwa anaomba.

Mchezo wake wa kwanza ulikuwa wa mamba. Mamba huyo alitoka Mto Mara, akapanda ukingo, akafungua kinywa, akameza lori zima pamoja na magunia ya mtama. Watu wa Kisaka walikimbia, wakarudi, wakaomba aonyeshwe tena, wakakimbia tena. Baada ya hapo walikaa watulivu kabisa kutazama choo, kwa matumaini kwamba kitu kingetoka humo.

Mchezo wa pili ulikuwa wa mafuriko yaliyoibeba Tarime. Wenye maduka walikuja kuyatazama maduka yao yakizama, wakacheka mpaka wakashikana mabega. Mmoja tu alikasirika. Alimfuata Bwana Sinema kwenye gari akamshika shati. "Kwa nini duka langu halikuzama? Duka langu lina nini? Mafuriko yamepita mlangoni kama hayakuliona!" Bwana Sinema akamwomba radhi kwa heshima zote, na kwenye mafuriko yaliyofuata duka lile likazama la kwanza.

Mambo hayo yote yalizaliwa uani kwake, nyuma ya jiko, kwenye kichanja cha miti kilichofika kiunoni. Hapo palikuwa na milima ya majivu na samadi iliyokaushwa. Magugu ya kando ya kijito yalikuwa misitu. Nyasi zilizokatwa kwa mkasi zilikuwa mapaa, na maduka ya bati yalikuwa makopo ya maziwa yaliyokunjuliwa na kupigwa nyundo. Mto ulikuwa maji ya birika yenye povu la sabuni. Mamba, nitamsema ingawa enzi zile nisingethubutu, alikuwa wa udongo, mrefu kama mkono wangu. Aliwekwa karibu na jicho la kamera, lori la kweli likasimamishwa mbali barabarani, na kamera ikadanganyika kuhusu nani mkubwa.

Kamera ilikuwa ya kujaza kwa ufunguo, kama saa. Aliijaza, akaiweka kwenye mwendo wa mbio sana, ili picha ikija kuonyeshwa kwa mwendo wa kawaida kila kitu kiende polepole. "Kitu kidogo kina haraka," alimwambia dada yangu. "Mtazame panya, kisha mtazame ng'ombe. Ukitaka panya awe ng'ombe, mnyime haraka." Alisema maneno hayo mara nyingi, hata juu ya mambo yasiyo ya sinema. Mtu akija na hasira anapiga kelele mlangoni, Bwana Sinema alimkalisha kwenye kigoda akasema, "Huyu bado panya. Mpeni uji."

Ufundi huo aliutoa vitani. Alikuwa askari Burma, na vita vilipokwisha aliachwa kwa miezi kadhaa kulinda kambi ya mateka. Humo alikuwamo Mjapani mmoja ambaye kazi yake kwao, kabla ya kuvishwa magwanda, ilikuwa kutengeneza vita vya sinema: meli, ndege, miji inayoungua, vyote vidogo, vyote juu ya meza. "Mjapani wangu" ndivyo alivyomwita, kama mtu anavyosema shangazi yangu. Hawakuwa na lugha ya pamoja. Walikuwa na mbao za masanduku ya risasi, kisu kimoja ambacho mlinzi hakupaswa kumkopesha mateka, na beseni la kufulia.

"Akachonga meli," alitusimulia, nasi maziwa yamekwisha kupokewa na hatutaki kuondoka. "Siku nyingi nimekaa mbele yake, bunduki magotini, namtazama akichonga. Kila ubao nimeuona. Siku ya kuagana akaiweka kwenye beseni, akapuliza moshi wa sigara juu ya maji, akanishika kichwa hivi, akakiinamisha mpaka jicho langu likawa sawasawa na maji. Kisha akaizamisha. Polepole. Mimi nikalia. Nikawalilia mabaharia."

"Mabaharia gani?" dada yangu aliuliza.

"Ndiyo hiyo! Hapakuwa na hata mmoja!"

Na papo hapo akanyoosha kidole, akatuonya kwamba tukimwambia mtu yeyote kuhusu kichanja kile, hatutakanyaga tena ua wake. Hiyo ndiyo ilikuwa amri yake moja. Watu wasione mikono. Akiulizwa sokoni amefanyaje, alijibu uongo wa kila namna bila kupepesa: kwamba mamba anamfuga, kwamba mafuriko aliyakodi Musoma. Lakini uongo wake ulikuwa wa kazini tu. Nje ya kazi alikuwa mtu wa kurudisha sindano aliyoazima ikiwa imepakwa mafuta isishike kutu.

Na alikuwa mwoga! Mtu aliyechoma vijiji na kuangusha milima hakuweza kuchinja kuku. Mvua kubwa ikianza, naye ndiye aliyetengeneza ngurumo kwa bati na fimbo, aliingia chini ya meza na blanketi kichwani, na mkewe akaendelea kusonga ugali huku akimtania: "Toka, Bwana Sinema, hii umeitengeneza mwenyewe, umesahau?" Kutoka chini ya meza akajibu, "Hii si yangu. Hii haina mwendo."

Jambo jingine: hakutazama picha zake. Gari likisimama uwanjani, giza likianza kuingia, jenereta ikinguruma, yeye alikaa kando ya mashine huku amelipa pazia mgongo. Alitutazama sisi. "Sinema iko huku," alisema, akizungusha mkono juu ya vichwa vyetu. Niliwahi kugeuka katikati ya mafuriko nikamwona. Mdomo wake ulikuwa wazi kidogo, na uso wake ulikuwa unafanya kila jambo lililokuwa linafanywa na nyuso zetu, ila nusu nukta mapema.

Picha yake kubwa kuliko zote ndiyo iliyoingia nyumbani kwetu.

Ilikuwa picha ya wezi wa mifugo. Vijana wanavamia zizi jioni, wanaswaga ng'ombe kuvuka vilima, wenye mali wanawafuata kwa mishale, na wanapofika ukingoni mwa mto radi inashuka, inampiga ng'ombe wa mbele, wezi wanatupa pinde zao na kukimbia. Wakubwa waliipenda kwa kuwa ilikemea wizi. Bwana Sinema aliipenda kwa ajili ya radi. Na kwa ajili ya radi alihitaji ng'ombe ambaye watu wangemhurumia.

Wakati huo dada yangu alikuwa ameposwa na kijana wa Kisaka, mwashi, mcheshi, ambaye alipendwa na kila mtu kwetu isipokuwa Baba, ambaye alimkubali tu. Baba hakuwa mtu wa kupenda kwa haraka chochote kisicho na kwato. Nyumbani kwa kijana palikuwa na ng'ombe jike mwekundu, mwenye baka jeupe pajini na pembe moja iliyoinama mbele kama anakuonyesha njia. Ndiye aliyekuwa nguzo ya mahari. Kijana aliposikia kwamba Bwana Sinema anatafuta ng'ombe mzuri, alimleta mwenyewe, bila kuombwa. Aliambiwa kwamba ng'ombe atapigwa na radi. Hakulijali hilo. Alichowaza ni kwamba mkwe wake mtarajiwa angemwona yule ng'ombe mapema, juu ya pazia, mkubwa kama nyumba.

Na Baba alimwona. Jumamosi ile uwanja wa soko ulijaa, Baba amesimama na fimbo yake katikati ya wazee wenzake. Yule mwekundu alipotokea, kijana akamnong'oneza kwa nyuma, "Tata, ndiye huyo." Baba akasahau kwamba yuko mbele za watu. "Huyo!" akasema kwa sauti. "Tazameni mgongo. Tazameni kiwele. Huyo ni ng'ombe aliyezaliwa na ng'ombe!" Wazee wakampongeza. Dada yangu akanibana mkono kwa furaha mpaka ukauma.

Kisha radi ikashuka. Ilikuwa nyeupe, yenye matawi, ikatoka pembe ya juu ya pazia ikaingia katikati ya mabega ya ng'ombe. Yule mwekundu akapiga magoti polepole, polepole sana, akalala ubavu, na moshi ukapanda. Uwanja mzima ukatoa sauti moja. Tuliporudi nyumbani Baba alitangulia peke yake.

Siku ya kuleta mahari, Baba alisimama mlangoni mwa zizi akiwapitisha ng'ombe mmoja mmoja. Alipofika yule wa pembe iliyoinama, akainua fimbo akaziba njia.

"Huyu mpitisheni pembeni. Huyu amekufa."

Baba wa kijana alicheka. "Mzee mwenzangu, amekunyea mlangoni sasa hivi. Maiti anakunya?"

Watu wakacheka wote, isipokuwa mmoja.

"Najua yu hai," Baba akasema. "Mimi si mtoto. Najua sinema ni mashine. Lakini kwangu mnyama aliyepigwa na radi haliwi, hakamuliwi, haingii zizini. Baba yangu alishika hivyo, nami nimeshika. Na huyu, Tarime nzima imemwona akipigwa. Jumamosi iliyofuata wamemwona Kisaka. Inayokuja watamwona Mugumu. Ng'ombe huyu anakufa kila Jumamosi! Na kila Jumamosi atakuwepo mtu wa kunyoosha kidole aseme, huyo ndiye aliyetolewa mahari ya binti wa fulani. Mwanangu akichelewa kushika mimba, watasema radi. Mtoto akiugua, radi. Mimi nitasimama wapi?"

Kila mmoja wetu alijua watu wangesema hivyohivyo. Wala ng'ombe wa kubadilisha hakuwepo. Ndigana, ile homa ya ng'ombe, ilikuwa imepita Kisaka mwaka ule, na zizi lile lilibaki na fahali mmoja na ndama. Baba akaamua kwamba mifugo ikae kwa jirani mpaka mtama uvunwe. Kama jambo halijapata njia, irudi kwao, na dada yangu aozwe kwa mtu wa Sirari mwenye duka la vitambaa, aliyekuwa amekwisha kuulizia. Dada yangu alisikia hayo akiwa jikoni. Aliendelea kupepeta ulezi, ila alipepeta mpaka ulezi wenyewe ukaanza kumwagika.

Bwana Sinema alikuja mwenyewe, ameinua miguu juu, na suluhisho tayari. Angekikata kipande cha radi kwenye filamu, akitupe.

"Waliokwisha kuona wataona nini?" Baba akauliza. "Pengo?"

Basi angepiga picha nyingine, ng'ombe akiinuka mzima, akila majani.

"Anayeweza kumwua kwa mashine anaweza kumfufua kwa mashine. Aliyefufuliwa ndiye simtaki kabisa."

"Sasa Mzee unataka nini?"

"Nataka waliomwona akifa waone kwamba hakufa. Hapohapo sokoni. Waonyeshe ulivyofanya."

Nilimwona Bwana Sinema akinyanyua mikono yake kana kwamba anataka kutengeneza lile dirisha, halafu akaificha nyuma ya mgongo. "Hilo hapana, Mzee," akasema. "Samahani sana. Hilo hapana."

Kesho yake dada yangu alibeba kibuyu cha maziwa kama kawaida, nami nikamfuata. Hakumpa mke wa Bwana Sinema maziwa. Alipita moja kwa moja mpaka uani, kwenye kichanja, akasimama na jua nyuma yake kwa makusudi.

"Shikamoo."

"Marahaba, binti yangu. Lakini umesimama..."

"Nimesimama vibaya, najua. Sina uso. Umeniulia ndoa, na uso wa nini?"

Akakaa kwenye kigoda. "Sikiliza. Watu wakiiona mikono yangu, nimekwisha. Mamba atakuwa udongo. Tarime itakuwa makopo. Nani atakuja tena? Nitabaki dereva wa picha za choo."

"Na mimi nitabaki mke wa vitambaa, Sirari."

"Usiseme hivyo."

"Mjapani wako," dada yangu akasema, "ulimwona akichonga ile meli?"

"Nilimwona."

"Kila ubao?"

"Kila ubao."

"Ukalia, hukulia?"

Mkewe alikuwa amefika na sufuria mkononi kuyafuata maziwa yake, akasimama. Bwana Sinema aliitazama milima yake ya majivu kwa muda mrefu. Nilidhani ana hasira. Kumbe alikuwa anatafuta pa kuweka kamera, maana aliponyanyuka alisema tu, "Sogeeni. Mnaniwekea kivuli."

Filamu ilisafishwa Nairobi, ikachukua majuma kwenda na kurudi, na majuma hayo mtama ulikomaa bila aibu yoyote. Dada yangu alilinda ndege shambani. Sijawahi kuwaona ndege waliotukanwa kama wale. Mtama wa jirani ulikuwa umekwisha kukatwa gari liliposimama tena uwanjani, na Baba akapewa kiti cha mbele kabisa.

Picha ile haikuwa na wezi wala mishale. Ilikuwa mikono. Mikono mikubwa ya Bwana Sinema, mikubwa kuliko milango ya kanisa, inakanda udongo. Inaunda mgongo, inaunda kiwele, inaukunja ukucha mmoja wa udongo mpaka unakuwa pembe iliyoinama. Inabandika kipande cha ngozi nyekundu, na chokaa kwa baka. Inafunga nyuzi miguuni. Inavuta, na ng'ombe wa udongo anapiga magoti, haraka, kama kitu cha kuchezea, na watu wakaangua kicheko. Kisha mikono ikashika filamu yenyewe na sindano ya kushonea, ikakwaruza juu yake mstari mmoja mdogo wenye matawi. Basi. Hiyo ndiyo radi.

"Sindano!" mtu akapiga kelele. "Tumekimbia sindano!"

"Wewe ndiye uliyekimbia, mimi nilikuwa naenda kukojoa!"

Kijana wa Kisaka akampitisha yule mwekundu wa kweli mbele ya pazia, ndani ya mwanga, na kivuli cha ile pembe kikapanda mpaka juu. Watu wakampigia makofi ng'ombe. Nikageuka kumtafuta Bwana Sinema. Amekaa pale kando ya mashine, na kwa mara ya kwanza hakuwa anatutazama. Alikuwa anatazama chini, mikono katikati ya magoti, kama mtu aliyevuliwa nguo.

Ndipo sauti ya mwanamke, nadhani yule wa dagaa, ikatoka katikati: "Haya, tuwekee radi sasa! Ile ya kweli!"

"Tuwekee!" wakaitikia. "Ile ya kweli!"

Akainuka taratibu, akabadilisha filamu. Vijana wakavamia zizi. Vilima, mishale, mto. Yule wa pembe iliyoinama akajitokeza mbele ya wenzake, nasi tulijua, sote, kila mmoja wetu, kwamba kinachokuja ni udongo na nyuzi na sindano. Radi ikashuka. Uwanja ukatoa sauti kubwa kuliko ya mara ya kwanza, na Baba yangu, katika kiti cha mbele, aliinua fimbo akakinga uso wake nayo.

Alipoishusha aligeuka nyuma aone nani amemwona. Bwana Sinema alikuwa amemwona. Bwana Sinema alikuwa anatutazama sote, mdomo wazi kidogo, na machozi yalikuwa yanamtiririka bila yeye kuyashughulikia.

Baba alimwendea kwenye gari. "Yule wa udongo yuko wapi?"

"Alivunjika, Mzee."

"Tengeneza mwingine, amelala ubavu vilevile. Aliyekufa ni huyo. Nataka mzoga wake nyumbani kwangu, nimwonyeshe mtu yeyote atakayeuliza."

Ndivyo alivyoingia yule mwekundu zizini kwetu, na ndivyo dada yangu alivyokwenda Kisaka akicheka njia nzima. Ng'ombe wa udongo aliwekwa kwenye dirisha la chumba cha Baba. Wageni walipofika, kabla hawajaletewa maji, walionyeshwa marehemu.

Mara ya mwisho nilipomwona Bwana Sinema ilikuwa Mugumu, alikokuwa amehamia, miaka ile ya hamsini ikielekea ukingoni. Gari lilikuwa limepewa dereva mwingine, kijana, mwenye picha nyingi za choo. Yeye aliachiwa kamera, ambayo ilikuwa imezeeka kiasi cha kutotakiwa na mtu. Nilisafiri kwa lori la pamba, na ndani ya kikapu nilibeba kitu nilichokabidhiwa na Baba, kimeviringishwa kwenye kitambaa.

Nilimkuta uani, ameinama juu ya kichanja kirefu kuliko vyote alivyowahi kujenga. Mvi zilikuwa zimemwingia, masikio yalikuwa yaleyale. Nilijiweka juani mwenyewe kabla ya kumwamkia.

Alitengeneza dirisha lake la vidole, akanitazama. "Marahaba," akasema. "Leo una uso. Baba yako hajambo?"

"Hajambo. Macho tu. Amenituma." Nikafungua kitambaa. "Yule mwekundu amekufa. Alizeeka. Alilala zizini asubuhi moja hakuamka. Baba anasema ujue kwamba hakupigwa na kitu chochote."

Aliipokea ile pembe iliyoinama kwa mikono miwili, jinsi watu wanavyopokea mtoto.

"Na amesema usimwue tena," nikaongeza. "Amerudia mara mbili, nisisahau."

"Nani amwue huyu?" akasema. "Njoo uone."

Aliifunga pembe juu ya fimbo, akaisimamisha hatua chache mbele ya kamera, akaigeuza kidogo, akaigeuza tena. Kisha akanishika kichwa, kwa upole, akakiinamisha mpaka jicho langu likafika kwenye kijishimo cha kutazamia.

Niliiona Tarime. Niliona barabara, maduka ya makopo ya maziwa yaking'aa, uwanja wa soko, bonde letu na kijito chake. Nyuma ya vilima vya majivu, polepole, maana aliisogeza polepole sana, ikapanda pembe. Ilipanda ikapita mapaa, ikapita vilima, ikaijaza mbingu, imeinama mbele kama inaonyesha njia. Pembe hiyo nilikuwa nimeibeba kwenye kikapu tangu asubuhi. Nywele zilinisimama.

"Anakwenda wapi?" nikauliza.

Nilisikia ufunguo wa kamera ukizunguka, ukijaa.

"Tazama chini, kushoto."

Nikatazama. Ng'ambo ya kijito kulikuwa na nyumba ya nyasi zilizokatwa kwa mkasi, na kando yake zizi la vijiti, dogo kama kiganja. Mlangoni alisimama mtu wa udongo mwenye fimbo. Fimbo alikuwa ameishusha, na lango lilikuwa wazi.